NYANGWE: KIJIJI CHA SOKO KANDO YA LUALABA

Bismillahi Rahmani Rahim.

(Karatasi hii ina majina matukufu. Ukiisha kuisoma mpe jirani yako. Usiitupe chini wala usifungie karanga.)



Baada ya kumshukuru Mwenyezi Mungu na kumtakia rehema na amani Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), somo la Ijumaa ya leo si la udhu, wala la zaka, wala la mirathi. Ni somo la kijiji kimoja cha nchi yetu: mahali kilipo, na yaliyopita hapo. Huenda wengine watasema, mambo ya jiografia yana nini na msikiti? Ngojeni kidogo.

Jumamosi moja mtoto wa darasa la tano alikuja madrasa uso umemshuka. Shuleni kwao walikuwa wamesomeshwa historia ya biashara ya watumwa. Saa ya mapumziko wenzake wakamzunguka na kumwita "mjukuu wa Tippu Tip". Mtoto huyo baba yake ni Mnande wa kule Lubero. Babu yake alilima kahawa na maharage maisha yake yote, na bahari hakuiona hata siku moja. Akaniuliza: "Mwalimu, ni kweli sisi ndio tuliouza watu?"

Sikuwa na jibu la neno moja. Nikamwambia asubiri, nikaenda kutafuta. Haya ndiyo niliyoyapata, na ninayaandika hapa kwa sababu ninadhani si yeye peke yake aliyeulizwa.

MAHALI PENYEWE

Nyangwe ni kijiji cha jimbo la Maniema, katika teritware ya Kasongo. Kiko ukingo wa kulia wa mto Lualaba, yaani upande wa mashariki, kwa kuwa mto huo pale unaelekea kaskazini. Lualaba unatoka nyanda za juu za Katanga, unapita Kongolo, Nyangwe na Kindu, na baada ya maporomoko ya Kisangani watu wanauita Kongo. Ni mto ule ule. Pale Nyangwe haufai kuvukwa kwa miguu mwezi wowote wa mwaka. Anayetaka ng'ambo lazima ampate mwenye mtumbwi. Wenye mitumbwi walikuwa Wagenya, watu wa mtoni, wavuvi, ambao jamaa zao tunawajua mpaka Kisangani kwa mitego yao ya samaki kwenye maporomoko.

Sisi wa Butembo tuliozoea ubaridi na makoti ya asubuhi tungepaona pale ni pa joto. Ardhi iko chini sana kuliko kwetu. Upande wa mashariki na kusini ni nyika yenye nyasi na vilima. Ukielekea kaskazini kidogo unaingia msitu mkubwa, ambao watu wa misafara waliuita Mitamba, na msitu huo ndio huu huu unaoendelea mpaka Ituri na mpaka hapa kwetu Mbau na Eringeti. Kwa hiyo msomaji wa Beni asidhani tunazungumza habari ya mbali isiyomhusu. Ni mwisho mwingine wa msitu wake.

Wafanyabiashara wa kutoka pwani walipofika pale karibu mwaka 1860 walichagua vizuri. Ukingo wa kulia umeinuka, maji ya mafuriko hayaufikii, wakati ukingo wa kushoto ni wa chini na wa matope. Kijiji kilikuwa na mitaa miwili, kila mmoja juu ya mwinuko wake, na katikati bonde dogo lenye unyevu ambamo walilima mpunga. Mtaa mmoja ulikuwa wa Waarabu. Wa pili ulikuwa wa Wamrima, yaani Waswahili wa pwani ya bara inayotazamana na Unguja, na mkubwa wao alikuwa Mwinyi Dugumbe.

Lakini kabla ya hao wote kulikuwa na soko. Jambo hili naomba lisipitwe haraka. Wageni hawakuleta soko. Walikuta soko nao wakajenga kando yake. Siku za soko wanawake walivuka mto kwa mamia kutoka ng'ambo, na wengine walitembea kwa miguu kutoka vijiji vya bara, wamebeba vichwani na migongoni samaki, mihogo, mawese, chumvi, vyungu, kuku na mbuzi. Sokoni walikuwa wengi kuliko wanaume. Hata pale ambapo wanaume wa vijiji viwili walikuwa na ugomvi wa damu, wanawake waliendelea kwenda sokoni na hakuna aliyewagusa. Anayejua soko letu la Butembo, mama zetu wanavyoshuka alfajiri na mizigo ya viazi na kabichi, na machukudu yanavyoteremka kwa kasi, hahitaji kuchorewa picha.

SWALI LA MTO

Mzungu wa kwanza kufika Nyangwe alikuwa David Livingstone, Mskoti, mwisho wa mwezi wa tatu mwaka 1871. Alikuwa mzee, mgonjwa, bila meno mengi, na bila bidhaa za kutosha. Kilichomleta ni swali moja: maji haya ya Lualaba yanakwenda wapi? Yeye alitumaini kwamba ndiyo Naili.

Hapa watu wa Beni wana nafasi ya kucheka kidogo. Maana sisi tunakaa karibu na mgongo wa nchi unaogawanya maji hayo mawili. Mvua inayonyesha upande wa mashariki, ikashuka Semliki, inaingia ziwa Albert na kuendelea mpaka Misri. Inayonyesha magharibi ya mgongo huo inafuata mito ya msituni, inaingia Ituri na Aruwimi, na kutoka huko Kongo na bahari ya Atlantiki. Subhana-llah, matone mawili yanaanguka karibu na moja linanyweka Kairo na jingine linapita Kinshasa. Livingstone hakulijua hilo. Alifariki mwezi wa tano 1873 huko Zambia ya leo, swali lake likiwa bado halijajibiwa. Aliyelijibu ni Stanley, aliyefika Nyangwe mwezi wa kumi 1876, akaondoka na Tippu Tip mwezi uliofuata kuingia Mitamba, akateremka mto wote mpaka Boma mwezi wa nane 1877. Kati yao alipita Mwingereza mwingine, Cameron, mwaka 1874. Huyo alitaka mitumbwi ateremke mto, hakuipata, akageuka kusini na kutokea Angola.

Livingstone naye miezi yote aliyokaa alitafuta mtumbwi asipate. Wagenya hawakumwamini, na walikuwa na haki. Aliyekuwa anakaa na wenye bunduki, wangemjuaje kuwa si mmoja wao? Basi akakaa akisubiri, na siku za soko alikwenda kutazama watu. Alipenda sana kwenda.

TAREHE 15 JULAI 1871

Siku hiyo joto lilikuwa kali na soko lilikuwa na watu wapatao 1500. Livingstone aliona watu watatu wa kundi la Dugumbe wameingia sokoni na bunduki, jambo ambalo halikuwa desturi. Akafikiri ni wageni hawajui. Alikuwa anaondoka kwa sababu ya joto alipomwona mmoja wao anabishana na muuzaji juu ya bei ya kuku, kisha akamnyang'anya. Mara bunduki mbili zikalia katikati ya soko.

Watu walitupa mizigo wakakimbilia mtoni. Mitumbwi ilikuwa imejazana katika hori dogo, zaidi ya hamsini, haikuweza kutoka yote kwa pamoja. Na kando ya hori lilisimama kundi jingine la wenye bunduki wakiwapiga wanawake waliokuwa wanang'ang'ania makasia. Wengi waliruka majini wakaanza kuogelea kuelekea kisiwa kilichokuwa mbali, mkondo ukiwa dhidi yao. Vichwa vilionekana mstari mrefu juu ya maji, kisha kimoja kimoja vikazama. Waarabu wenyewe walikadiria waliokufa kuwa kati ya 330 na 400. Livingstone alisema idadi ya kweli hakuna atakayeijua.

Mwinyi Dugumbe, mkubwa wa watu hao, alipoona yanayotendeka alitia watu katika mtumbwi mmoja ulioachwa wakawaokoe waliokuwa majini, na wakaokolewa 21. Mwanamke mmoja alikataa kuingia katika mtumbwi huo. Aliona anaokolewa ili awe mtumwa, akaendelea kuogelea.

Wakati huo huo ng'ambo ya mto Tagamoyo, mmoja wa wakubwa wa kundi, alikuwa anachoma vijiji. Sababu? Hapa ndipo aibu inapozidi. Mtumwa mmoja wa mfanyabiashara, jina lake Manila, alikuwa amefanya udugu wa damu na machifu wa ng'ambo. Watu wa Dugumbe waliona huo udugu ulistahili kufanywa nao, kwa kuwa biashara ya pembe ilitaka marafiki. Ili machifu wajue nani mwenye nguvu, wakafyatua risasi juu ya wanawake waliokuja kuuza samaki.

Ndugu zangu, watu hao walikuwa na majina kama yetu. Baadhi yao bila shaka walisali adhuhuri siku hiyo. Siandiki hivi ili kuwafurahisha wanaotutukana. Ninaandika kwa sababu ni kweli, na shahidi mkweli hachagui. Hotuba ya mwisho ya Mtume (S.A.W.) pale Arafa ilitangaza damu na mali za watu kuwa haramu. Katika Sahihi ya Bukhari kuna Hadithi inayomtaja mtu aliyemuuza mtu huru na kula thamani yake, kwamba Mwenyezi Mungu mwenyewe atakuwa mdai wake Siku ya Kiyama. Wanawake wa Nyangwe walikuwa watu huru. Hawakukamatwa katika vita yoyote. Kwa hiyo anayetaka kusema "ilikuwa desturi ya zamani" na atafute kwanza ni kitabu gani cha fikihi kinachoruhusu kupiga soko risasi.

Livingstone aliondoka siku chache baadaye, roho imemvunjika, akarudi Ujiji, ambako Stanley alimkuta mwaka huo huo. Barua zake juu ya Nyangwe zilisomwa Uingereza mwaka 1872 na watu wakachukizwa. Zilikuwa sehemu ya msukumo uliomfanya Sultani Barghash atie sahihi, tarehe 5 Juni 1873, mkataba wa kufunga soko la watumwa la Unguja. Mauaji ya soko moja yakafunga soko jingine. Lakini biashara yenyewe barani haikwisha kwa karatasi. Katika Maniema iliendelea miaka ishirini zaidi.

Kuna jambo moja la kuongeza, maana tumelijua karibuni tu. Livingstone hakuwa na karatasi pale Nyangwe. Aliandika juu ya magazeti ya zamani ya London kwa wino wa rangi ya mbegu, akikatisha mistari ya chapa. Wino ukafifia, na kitabu kilichotoka 1874 kilitengenezwa kutoka nakala yake safi ya baadaye. Mwaka 2011 watafiti waliweza kuyasoma magazeti yenyewe kwa kupiga picha za mwanga maalum. Wakaona tofauti, na baadhi yao wakauliza kama watu wa msafara wake mwenyewe, ambao aliwalalamikia sana, hawakuwa na mkono katika fujo za siku zile. Mauaji hayo hakuna anayeyakanusha. Ila tunajifunza kwamba hata shahidi mzuri huenda akasafisha maneno yake kabla ya kuyapeleka kwao.

TIPPU TIP NA WATU WA MANIEMA

Jina alilotupiwa yule mtoto ni la Hamed bin Muhammad el-Murjebi, mzaliwa wa Unguja, aliyefika maeneo hayo baada ya wenzake na akafanya Kasongo kuwa makao yake karibu mwaka 1875. Mwaka 1871 hakuwako Nyangwe. Lakini asiletwe hapa kama mtu asiye na lawama: alitafuta pembe za ndovu kwa bunduki, na pembe zilihitaji wabebaji, na wabebaji walipatikana kwa kuvamia vijiji. Yeye mwenyewe alisimulia maisha yake kwa Kiswahili, kitabu kiko, na hakuona haya kueleza vita alivyopigana.

Wengi wa waliofanya kazi hiyo hawakuwa Waarabu. Walikuwa Waswahili wa pwani, Wanyamwezi, na zaidi ya wote vijana wa Maniema wenyewe, waliotekwa wakiwa wadogo, wakapewa kanzu, bunduki na jina jipya, nao wakaenda kuteka wengine. Hao walijiita wangwana, yaani waungwana, watu huru. Kiswahili chao kikaitwa Kingwana, na ndicho baba wa Kiswahili tunachosema Beni, Butembo, Bunia na Kisangani. Mama anayeita "muchele" na "kitabu" pale sokoni, hata akiwa Mkristo wa tangu babu yake, anasema lugha iliyopita njia ya Kasongo na Nyangwe.

Na walifika mpaka upande wetu. Stanley alipopita msitu wa Ituri mwaka 1887 akimtafuta Emin Pasha, alikuta kambi za watu wa Maniema: ya Ugarrowwa, na ile ya Ipoto iliyokuwa ya Kilonga-Longa. Vijiji vya mzunguko wote vilikuwa majivu. Kwa hiyo wazee wa hapa wanapotaja kwa hofu "watu wa bunduki waliotoka magharibi", si hadithi ya kubuni. Na hapa kuna jambo ambalo mtoto wetu wa darasa la tano alitakiwa kuambiwa: huenda babu wa babu yake alikuwa upande wa waliokimbia.

KUANGUKA KWA NYANGWE

Mfalme Leopold wa Ubelgiji alimteua Tippu Tip kuwa gavana wa maporomoko ya Kisangani mwaka 1887. Alimhitaji kwa kuwa hakuwa na nguvu bado. Nguvu zilipopatikana, na pembe zikawa ndizo zinagombaniwa, urafiki ukaisha. Tippu Tip alikuwa ameshaondoka kurudi Unguja, ambako alifariki 1905. Vita vilianza 1892, mwanawe Sefu akiongoza upande wa Waswahili. Ngongo Lutete, aliyekuwa mtu wao, akahamia kwa Wabeleji na askari wake kwa maelfu. Mwaka uliofuata Wabeleji hao hao wakamhukumu na kumpiga risasi. Malipo ya aina hiyo ni ya kawaida katika siasa, na watu wa Kongo hawahitaji kuelezwa.

Jeshi la Dhanis lilikaa wiki kadhaa ukingo wa kushoto likitazamana na Nyangwe, mto katikati. Lilivuka tarehe 4 Machi 1893, na lilivuka kwa mitumbwi ya Wagenya. Tafakarini hilo. Miaka 22 baada ya soko lile, wenye mitumbwi waliombwa mitumbwi tena, na mara hii waliitoa. Hakuna aliyewalazimisha kuwapenda Wabeleji. Walikuwa tu na kumbukumbu.

Kasongo ikaanguka tarehe 22 Aprili. Daktari Mwingereza aliyekuwa katika jeshi hilo, Hinde, aliandika kwamba Nyangwe ulikuwa mji uliojengwa vizuri wenye watu kama 30,000, na baada ya vita ikabaki nyumba moja kubwa ya ngome na kambi ya askari kuizunguka. Wengi walikufa kwa bunduki ndani ya mji baada ya kutekwa, wengine kwa ndui na njaa. Hinde huyo huyo alishangaa mashamba ya Kasongo: mpunga, miwa, machungwa, makomamanga, mananasi. Watu wale wale waliochoma vijiji walipanda bustani. Historia haikutuwekea wabaya upande mmoja na bustani upande mwingine.

Wabeleji walisema wamekuja kukomesha utumwa. Watumwa walioachwa huru wengi waliandikwa jeshini au kupelekwa kazi za serikali bila kuulizwa. Kisha likaja zao la mpira, na habari ya mikono iliyokatwa dunia nzima inaijua. Ndiyo iliyomfanya Leopold anyang'anywe Kongo mwaka 1908.

Reli ya kutoka Kongolo mpaka Kindu ilipofunguliwa, karibu mwaka 1911, ilipita ng'ambo, upande wa Kibombo. Nyangwe ikabaki upande wake peke yake, bila reli, bila mji. Ikawa kijiji. Hata Kasongo ya zamani ilihamwa: mahali pake watu wanapaita Tongoni, na tongo kwa Kiswahili ni mahame. Siku za karibuni wanaakiolojia wamekuja pale kutafuta vigae na misingi ya nyumba.

DINI ILIYOBAKI

Jambo la ajabu ni hili. Wenye bunduki walipokuwa na nguvu, hawakuhangaika kufundisha watu dini. Walikuja kwa pembe. Waliosilimu walisilimu majumbani: mke, mtumishi, mtoto aliyelelewa, kijana wa bunduki. Nguvu zilipoanguka mwaka 1894, mtu angetegemea Uislamu wa Maniema ufe. Haukufa. Walioubeba baada ya hapo walikuwa watoto wa waliotekwa, wanavijiji, bila sultani na bila serikali. Utawala wa kikoloni uliwashuku. Shule zenye msaada wa serikali zilikuwa za misheni, na mzazi Mwislamu alichagua kati ya kumpeleka mtoto akabatizwe au kumbakiza na ubao wa Kurani tu. Ndiyo sababu jamii yetu ilichelewa kupata madaktari na wanasheria, si uvivu. Jumuiya ya Kiislamu ilikuja kutambuliwa rasmi na serikali ya Zaire katika miaka ya 1970.

Kutoka huko ndiko walikotoka wengi wa waliokuja Beni na Butembo na biashara ndogo, ushonaji na udereva, wakafungua misikiti ya kwanza ya mabati. Walikuwa wajukuu wa watekwa. Mtu akiwaita wajukuu wa Tippu Tip anawakosea mara mbili.

Ninasema haya kwa kuwa majina yanaumiza hapa petu kuliko mahali pengine. Tangu Oktoba 2014 Beni na vijiji vyake vimezika watu kwa mapanga na risasi, mauaji yanayohusishwa na kundi la ADF, na mwenye kanzu akipita anatazamwa mara mbili. Wakulima wanaouawa shambani hawaulizwi dini. Mei 2021 imamu alipigwa risasi ndani ya msikiti wa mjini Beni akiwa katika sala. Waliouawa sokoni Nyangwe, waliouawa mashambani Beni, na aliyeuawa juu ya mswala, wote damu yao ilikuwa haramu kwa hukumu ile ile moja.

Jumamosi iliyofuata nilimwita yule mtoto. Nikamwambia: waliouza watu walikuwapo, na baadhi yao walikuwa Waislamu, na walikosa mbele ya Mwenyezi Mungu na mbele ya watu. Wewe hukuuza mtu. Akiniuliza mwenzako, mwambie hivyo hivyo vyote viwili, usikate nusu. Nikamsimulia soko, hori, mitumbwi iliyokwama, na yule mwanamke aliyekataa kupanda.

Akanyamaza kidogo, kisha akauliza: "Yule mama alifika kisiwani?"

Nikamwambia haikuandikwa.

"Na jina lake?"

Nalo halikuandikwa.

Wallahu a'lam.